Sekunde Saba za Suud

Matrah, 20 Oktoba 1966

Ndugu yangu Yaarub,

Assalaam alaikum. Sisi sote wazima, na kikohozi cha Ami Sleyum ni kizima kutushinda. Nyumba yake ina watu kumi na wanne na dirisha moja linaloingiza upepo, na chini ya dirisha hilo analala yeye, kwani ndiye baba yetu mdogo na ndiye mwenye nyumba. Silalamiki. Wangapi waliotoka Unguja pamoja nasi hawakupata hata ruhusa ya kushuka melini hapa Maskati. Kule tulikuwa tukiitwa Wamanga, watu wa huku, na hapa tunaitwa Wazinjibari, watu wa kule. Mie nimeshaacha kujibu. Anayeniita kwa jina langu ndiye nnayemgeukia.

Khabari ya kazi yako imenichekesha. Wewe uliyekuwa ukitoroka skuli kwenda sinema, leo unalipwa London kutunza filamu! Unasema ghala lenu lina mikebe ya picha za nchi zote, na wanaotengeneza filamu mpya huja kuchukua vipande vya zamani vya kujazia kazi zao. Unasema Unguja nayo imo. Hapo nimeparudia mpaka karatasi imelainika.

Yaarub, mtafute Suud.

Wewe ulikuwa masomoni huko na hukuona, basi nikwambie tena. Siku mbili kabla ya Ramadhani, mwaka ule wa 1964, walikuja watu wanne na bunduki wakamchukua mume wangu mlangoni. Alikuwa na ndara miguuni. Akaniambia, "Nakwenda kuulizwa maswali, adhuhuri ntakuwa nimerudi." Mpaka leo hakuna aliyeniambia kwamba amemwona hai, wala aliyeniambia kwamba ameiona maiti yake.

Kadhi wa hapa amenieleza kwamba Suud ni mafkudi, yaani mtu aliyepotea bila ya khabari. Ikitimia miaka minne, mimi naweza kwenda kuomba hukumu ahesabiwe amekufa, nikae eda ya miezi minne na siku kumi, kisha niolewe. Lakini mwenye kuomba ni mimi. Nisipoomba, na wasitokee mashahidi wawili wa kifo chake, basi mimi ni mke wa Suud mpaka naingia kaburini, na hakuna wa kunitoa. Ami anataka niombe. Mie hata kulisikia neno hilo sitaki.

Kwa hiyo tazama mikebe yako. Lazima palikuwa na mtu mwenye kamera siku zile. Suud humkosi, kichwa chake siku zote kimetokeza juu ya watu. Nipatie picha moja tu ya baada ya siku aliyochukuliwa, anyamaze Ami, nami nipate cha kungojea.

Dada yako,
Kheiria


London, 9 Januari 1967

Da Kheiria,

Waalaikum salaam. Hapa baridi imeingia mpaka kwenye wino. Barua yako imenifika nimevaa makoti mawili ndani ya ghala, maana filamu haitaki joto, na mimi nimekuwa mtumwa wa starehe zake.

Nimetafuta. Mwezi mzima nimekula mkate nikiwa mbele ya mashine ya kutazamia, na mkubwa wangu ananidhihaki kwamba nimejiandikisha kazi mbili. Nikueleze namna ya ghala hili. Kila mkebe una kadi yake, na kadi inasema mahali, mwaka, na kilichomo: soko, mvua, watu wengi. Mkebe ukipotea si neno, utapatikana. Kadi ikikosewa ndiyo imekwisha, kwani humu hakuna anayetazama filamu kabla ya kusoma kadi. Na wanaokuja kuchukua vipande hawana muda. Juzi alikuja mmoja anataka bandari ya Aden. Hatukuwa nayo. Nikampa Mombasa, akafurahi, akasema bahari ni bahari na mtazamaji hatojua. Nikacheka naye.

Unguja tunayo mikebe kumi na mmoja. Karafuu zinaanikwa, mabwana wakubwa wanapeana mikono, watoto wa skuli wanakimbia na magunia. Ya mwaka 1964 ni miwili tu. Mmoja ni watu wamejaa juu ya meli, na mwengine ni lori la wenye silaha linapita Darajani. Nimezitazama nyuso zote, moja moja. Suud hayumo. Nnakuapia, Da Kheiria, katika picha za siku zile hayumo.

Usiniombe nitazame tena, macho yananiuma. Nisalimie Ami na mwambie nnasali.

Mdogo wako,
Yaarub


Matrah, 2 Juni 1967

Yaarub,

Nimekusadiki. Nililia siku moja, siku ya pili nikafua nguo.

Sasa nna ombi jengine, dogo. Hizo picha za kabla je? Tulipotoka tulitoka na mabegi mawili, na albamu ilibaki juu ya kabati. Sina hata picha moja ya mume wangu. Wakati mwengine naukumbuka mkono wake vizuri kuliko uso, na hilo linanitisha. Kama yumo kokote, hata amegeuza mgongo, hata ya zamani namna gani, nikatie kipande uniletee. Simtaki awe hai ndani yake. Nnataka nimtazame tu.

Ami amempata mtu. Anaitwa Ishaq, kwao Qurayyat, lakini alikulia Pemba kama sisi tulivyokulia Unguja. Ni karani katika kampuni ya mafuta, huko kambini Saih al Maleh, na mkewe alikufa kwa uzazi. Akirudi kwao hutuletea samaki, anawaacha mlangoni na kuondoka kabla sijatoka, ili nisione haya. Hana kosa hata moja, na hilo ndilo linaloniudhi. Nimemwambia Ami, "Mimi nna mume." Ami akanijibu, "Mumeo yuko wapi, Kheiria? Nioneshe." Na mie sina cha kumwonesha.

Miaka minne itatimia kabla ya Ramadhani ijayo. Waache waihesabu. Mimi kwa kadhi siendi.

Tafuta hizo za kabla.

Kheiria


London, 14 Septemba 1967

Da Kheiria,

Posta imekuwa mchezo tangu vita vya Misri, barua yako imechukua miezi miwili na nusu kunifika. Nisamehe kwa kuchelewa.

Nna khabari kubwa. Nimetolewa ghalani! Sasa niko juu, chumba cha kukatia filamu, msaidizi wa mkataji. Kazi yangu ni kumshikia vipande, kuviandika namba, na kuokota chini anavyovitupa. Huwezi kuamini raha ya kazi hii. Unachukua mtu anafungua mlango Cairo na mtu anaingia chumbani London, unawaunganisha kwa gundi, na wote wanaamini ni mtu mmoja. Nimewahi kulala nimeshika mkasi.

Filamu tunayoimaliza ni juu ya nchi za Afrika, na Unguja imo. Ndiyo sababu waliniita, mimi peke yangu ndiye niliyejua kipi ni kipi. Kuna kipande kimoja nilichokitoa mimi mwenyewe. Wamekipenda sana. Inauzwa nchi nyingi, hata kampuni za huko Ghuba wanaichukua kwa ajili ya wafanyakazi wao.

Khabari ya picha za kabla, ghala haliruhusu kumkatia mtu kipande. Ni mali ya kampuni. Ningekuwa na uwezo ningekuletea. Tafadhali usinikasirikie.

Na Ishaq usimchukie bure. Mtu anayeacha samaki na kwenda zake si mbaya.

Yaarub


Matrah, 5 Februari 1968

Ndugu yangu Yaarub,

Mie ni kizuka. Nimekaa ndani tangu mwisho wa Novemba, na eda yangu inakwisha mwanzo wa Aprili. Nimemwomba Ami ruhusa ya kukuandikia wewe tu, kwani wewe ni ndugu yangu wa tumbo moja.

Suud amekufa. Nnaliandika kwa mkono wangu ili nilizoee.

Kambini Saih al Maleh wana shuka nyeupe wanaifunga baina ya nguzo mbili na kuonesha sinema kwa wafanyakazi. Mwezi wa Shaaban walionesha filamu ya Afrika. Makarani wawili waliokuwa wakitazama walisomeshwa hesabu na Suud kule Unguja, na wote wawili walisimama pamoja wakapiga kelele. Walimwona mwalimu wao. Yuko katika mstari wa wanaume, askari yuko ubavuni kwake, mikono yake imefungwa nyuma. Na sauti ya Kiingereza ikasema kwamba watu hawa walipelekwa ufukweni na hakurudi hata mmoja.

Wakaenda kwa kadhi kwa miguu yao, hawakutumwa na mtu. Nilikuwa nyuma ya pazia, nikasikia yote. Kadhi maisha yake hajaona sinema. Akawauliza, "Picha hiyo imechorwa kwa mkono?" Wakasema, "La, sheikh, inapigwa kwa mwangaza, kama kioo." Akauliza, "Yaweza kumwonesha mtu asiyekuwepo?" Wakasema, "Haiwezi." Akafikiri, akauliza tena, "Mwenye kuona kwa miwani, ameona au hakuona?" Wakasema, "Ameona." Akawarudisha nyumbani siku tatu. Siku ya nne akawaapisha, wakaapa, mmoja akilia. Ni vijana wa sala tano, hawajulikani kwa uwongo. Akahukumu.

Mie sikuomba, Yaarub. Nataka ulijue hilo. Niliapa sitaomba na sikuomba.

Lakini nikwambie kitu ambacho sijamwambia mtu hapa. Nimepumzika. Miaka minne nilikuwa sijui nilie au nisilie. Nikicheka naona namsaliti, nikilia naona namuua. Sasa nalia kama wajane wengine wanavyolia, na watu wananiletea uji. Filamu hiyo imetoka London. Huenda mmoja wa walioifanya unamjua. Mtafute, umwambie yuko mjane Matrah anamwombea dua kila sala. Amenipa maiti yangu.

Na kama ndiyo ile ya kwenu, ulipoiona ukamwona na ukashindwa kuniambia, nimeshakusamehe. Najua ungeogopa.

Dada yako,
Kheiria


London, 1 Machi 1968

Da Kheiria,

Inna lillahi wa inna ilaihi rajiun. Mungu amrehemu Suud, akupe subira wewe.

Salamu zako nimezifikisha.

Nimeumwa wiki mbili, ndiyo maana barua hii ni fupi. Maliza eda yako kwa salama, na lolote utakaloamua baada yake mimi niko nyuma yako. Ishaq anaonekana mtu wa kheri.

Yaarub


Saih al Maleh, 11 Agosti 1969

Yaarub,

Huniandikii tena. Nilikuandikia nilipoolewa, nikakuandikia alipozaliwa Nasriya, nawe umeniletea kadi yenye picha ya daraja. Haidhuru. Leo nna la kukuandikia ambalo hutoweza kulijibu kwa daraja.

Nasriya ana miezi mitatu. Ana masikio ya Ishaq, maskini. Ishaq amenifanyia wema ambao sikuutaka na nimekuja kuuzoea. Nyumba yetu ni vyumba viwili vya kampuni, lakini chini ya dirisha la upepo nalala mimi. Nilikuwa nimeanza kuwa mtu.

Wiki iliyopita ile filamu ilirejeshwa kambini. Ishaq akaniambia mwenyewe, "Kama unataka kumuaga Suud, ntakupeleka." Mwanamme gani mwengine angelisema hilo? Wanawake hawakai pale, basi aliegesha gari nyuma ya viti, nikakaa ndani na buibui langu na mtoto mapajani.

Nimemwona.

Yaarub, ule ni mwaka wa 1963! Ni siku ya kupiga kura, mwezi wa Julai, uwanjani kwa skuli. Shati lile nililipiga pasi mimi asubuhi yake. Wanaume walikuwa na mstari wao na wanawake wa kwao, na askari wakitukataza kusemezana. Suud alinunua njugu kwa muuzaji nje ya ua, akatoka mstarini kuniletea, na askari akaja ubavuni kwake kumwambia arudi. Mikono yake haikufungwa. Alikuwa ameficha njugu nyuma asizione askari. Pembeni mwa picha kuna wanawake watatu wa mabuibui, nusu yao imekatwa. Wa tatu ni mimi. Mimi nimo ndani ya picha ya kifo cha mume wangu, nasubiri njugu!

Na pale pale, kabla hajafika kwangu, picha ikaruka, ukaja ufukwe mtupu na sauti ile ya Kiingereza.

Ishaq akaniuliza, "Umemwona?" Nikamwambia, "Nimemwona." Akanipa kitambaa chake akatazama pembeni ili nilie kwa nafasi.

Kwa hiyo hakuna aliyeona kitu. Wale vijana waliapa juu ya njugu. Suud amekufa au hakufa, hakuna anayejua, kama ilivyokuwa siku ya kwanza, isipokuwa sasa mimi nna mume mwengine na mtoto nnamnyonyesha. Nimemtazama Nasriya usingizini nikashindwa kumwita kwa jina la baba yake. Niambie mimi ni mke wa nani. Niambie huyu ni mtoto wa nini.

Wewe uko humo humo. Tafuta aliyefanya hivi. Nataka jina lake.

Kheiria


Saih al Maleh, 20 Disemba 1969

Yaarub,

Miezi minne. Barua ya London siku hizi haichukui miezi minne.

Kheiria


London, 17 Februari 1970

Da Kheiria,

Jina unalolitaka ni langu.

Nimeanza barua hii mara nyingi, na kila nikiianza naandika kwanza khabari ya hali ya hewa. Safari hii nimelitanguliza hilo ili nisiweze kurudi nyuma.

Suud nilimpata Disemba ya 1966, wiki ya pili ya kutafuta. Mkebe wa uchaguzi wa 1963, sekunde saba tu. Ulipoomba picha za baada ya siku ile, nilikujibu ukweli, hayumo. Sikukwambia kwamba yumo katika za kabla. Nilijiambia kwamba ukijua utanikera nikuletee, na nisipoweza utaumia. Huo ndio udhuru niliojipa. Kweli yenyewe ni kwamba nilimtaka awe wangu. Mimi sikumuaga mtu. Niliondoka Unguja nikiwa na miaka kumi na tisa, nikaambiwa na redio kwamba kwetu hakuna tena. Zile sekunde saba ndizo zilikuwa kwetu. Kila mchana nilikwenda kukaa na shemegi yangu, nikala mkate wangu mbele yake. Ulipoomba mara ya pili, hata mgongo wake tu, nilikuwa nimeshasema uwongo wa kwanza na niliona haya kuufungua.

Kisha mkataji akaja kutafuta vipande vya Unguja. Nikamwambia nnacho cha uchaguzi, kizuri, kuna mtu mrefu. Nilitaka aonekane. Nilitaka watu wa dunia wamtazame Suud wetu hata kidogo. Akakiweka mahali pake, katika uchaguzi. Baadaye akafika sehemu ya mauaji na hakuwa na picha, kwani aliyepelekwa kuuliwa hapigwi picha. Akakitoa pale, akakileta huku. Akakata mwisho wake. Mimi nilikuwa nimesimama ubavuni kwake na gundi mkononi. Akaniuliza, "Kuna tatizo?" Nikasema, "Hakuna." Nilikuwa na wiki tatu tu katika chumba kile. Nilijua nikisema nitarudishwa chini kwenye baridi.

Nilidhani hakuna wa kuumia. Sikuwaza shuka nyeupe Saih al Maleh. Ulipoandika kwamba unaniombea dua, bado ulikuwa na wiki nyingi za eda mbele yako. Ningeliweza kukuzuia. Nilikwenda posta mara mbili, mara zote nikarudi na barua mfukoni. Ulisema umepumzika, nami nikajishika na neno hilo.

Tangu barua yako ya Agosti nimejaribu. Nilishuka ghalani, nikakuta kadi imebadilishwa ifuate filamu yetu, nikaiandika upya: wapiga kura, Julai 1963. Mkubwa akaifuta. Ameshakiuza kipande kile kwa filamu mbili nyengine, na zote zinakitaka kwa jina la wafungwa, 1964. Nikalia mbele yake, akanipa likizo. Kila atakayetaka kutengeneza filamu juu ya Unguja atakuja hapa, atasoma kadi, atakichukua. Suud atapelekwa kuuliwa na watu ambao hata hawajazaliwa bado. Sina wa kumshitakia.

Ndani ya bahasha hii kuna kipande kidogo cha filamu. Ni ule mwisho uliokatwa. Nilikiokota chini siku ile. Kishike mbele ya dirisha utaona amefika kwako, ameinyosha karatasi ya njugu, anacheka.

Ukitaka nitamwandikia kadhi, niape kila kitu. Ukitaka nije huko, nitakuja.

Yaarub


Saih al Maleh, 18 Novemba 1970

Yaarub,

Miezi tisa nimekuchukia, na nimechoka, ndiyo maana nakuandikia. Usidhani ni msamaha. Wewe ndiye mtu pekee duniani anayejua nnachokijua, na sina mwengine wa kusema naye. Umenifunga na wewe mwenyewe. Ningelikuwa na mwengine, barua hii asingeliipata Yaarub.

Usimwandikie kadhi. Ukimwandikia ntasema wewe ni mwendawazimu, na mimi ntaaminiwa. Hukumu ikivunjwa, ndoa yangu nayo imevunjwa, na Nasriya anakuwa nini? Sasa anatembea. Akimwona Ishaq anarudi kazini anakimbia mpaka anaanguka. Ishaq hajui kitu. Wale vijana wawili wananisalimia kwa heshima kubwa, wanadhani wamenifanyia jambo kwa Mungu. Mmoja amemwita mwanawe Suud. Basi wote wanajua uwongo na wanalala, mimi najua ukweli na silali. Kuja pia usije. Sina uso wa kukuonesha mbele ya watu.

Kipande nimekipata. Nimewahesabu, ni Suud arubaini na wanne, kila mmoja mdogo kama ukucha, na arubaini na wanne wote wanacheka. Nilikuwa nimeshausahau uso wake hasa. Nimekitia ndani ya mto ninaolalia na nikakishona. Siku ya pili nikaona haya kulala juu yake ubavuni kwa Ishaq, nikakitoa. Sasa kiko ndani ya gunia la mchele, kesho sijui ntakitia wapi. Hakuna mahali katika nyumba hii panapomstahili.

Utakuwa umesikia redioni mambo ya huku. Tangu Julai, alipoingia Sultani mpya, nchi imefunguka. Watu wa kwetu wanaitwa kwa majina warudi wafanye kazi, wanatoka Dar, wanatoka Cairo, wanatoka jela. Ndiyo, jela. Jirani yangu Bakhita alimfanyia kaka yake khitma miaka sita iliyopita, na mwezi uliopita kaka yake ameshuka ndegeni, mweupe wa ukosefu wa jua, hana meno ya mbele. Bakhita alizimia. Mtaa mzima ulipika. Nami nilikwenda, nikakata vitunguu, nikampongeza. Nikamuuliza kaka yake, kwa sauti ya mtu anayeuliza la kawaida, kama alimwona Suud mwalimu wa hesabu huko alikokuwa. Akasema walikuwa wengi, majina hayakuwa yakitumika. Akasema, "Mrefu, eh? Alikuwapo mmoja mrefu." Kisha akaitwa kula.

Hilo ndilo nnaloishi nalo. Alikuwapo mmoja mrefu.

Unakumbuka nilivyokuwa? Miaka minne sikuomba kitu kwa Mungu ila mlango ugongwe. Ami alikuwa akiniambia nitakuwa kichaa. Sikuwa kichaa. Nilikuwa mke.

Kila ndege ya watu wa kwetu ikitua Bait al Falaj, wanawake huenda kupokea jamaa zao. Nami nnakwenda. Ishaq anadhani nina moyo mzuri, huniitia gari na kubaki na mtoto. Nnasimama nyuma ya wote. Wanaume wanashuka ngazi mmoja mmoja na mifuko yao, na warefu nnawatazama mara mbili. Hapa mama anapiga kelele, pale mtu anaanguka kifuani kwa mtu. Mie nnangoja mpaka ameshuka wa mwisho na mlango wa ndege umefungwa. Nikiona Suud hayumo, nnasema alhamdulillahi.

Kheiria